Nani Anastahiki Kuingia Chuoni? Mafunzo Kutoka Kesi ya Chuo Kikuu cha Aligarh

(Hii ni hotuba iliyotolewa msikitini mbele ya wazazi, walimu na vijana wanaojiandaa kwa masomo ya juu.)

Baada ya tashahhud, taawudh na Sura Fatiha.



Mada niliyopewa leo ni elimu ya juu. Mmekwisha sikia mara nyingi, na inafaa msikie tena, kwamba ufunuo wa kwanza alioteremshiwa Mtume Mtukufu s.a.w. ulianza kwa amri ya kusoma na ukataja kalamu. Mmesikia pia kwamba Mtume Mtukufu s.a.w. ameifanya kazi ya kutafuta elimu kuwa faradhi juu ya kila Mwislamu. Hayo tunayakubali sote. Lakini kati ya mtafuta elimu na darasa la chuo kikuu kuna mlango, na mlango huo una sheria yake. Kuna sheria inayosema nani aingie na nani abaki nje. Nafasi ngapi ziwe za nani. Na nani hasa mwenye haki ya kuiandika sheria hiyo. Mtoto anaweza kuwa na akili na bidii, na baba yake akawa na karo mkononi, lakini sheria ya mlangoni ikamrudisha nyumbani.

Kwa hiyo leo nitazungumzia sheria ya mlangoni. Sitaizungumzia kwa maneno ya jumla, bali kwa kufuata kesi moja ya kweli iliyotokea Bara Hindi, kesi ya Chuo Kikuu cha Kiislamu cha Aligarh. Mzozo huo ulifika Mahakama ya Juu ya India kwa mara ya kwanza katika miaka ya 1960, na mwaka 2024 majaji walikuwa bado wanaandika hukumu juu yake. Ndani yake mna mafunzo makubwa kwa kila jamaa ya Waislamu yenye shule, au inayotamani kuwa na shule.

NAFASI YA CHUO NI AMANA

Kwanza tuweke msingi wa dini. Katika Sura An-Nisaa, Mwenyezi Mungu anatuamuru tuzifikishe amana kwa wanaozistahiki, na tuhukumupo baina ya watu, tuhukumu kwa uadilifu. Tazameni jinsi mambo haya mawili yalivyofuatana. Amana imetajwa kwanza, kisha hukumu. Na aya haisemi tuhukumu kwa uadilifu baina ya Waislamu tu, bali baina ya watu.

Nafasi katika chuo kikuu ni amana. Chuo cha udaktari chenye nafasi 100 kimebeba amana 100. Kila anayepewa nafasi amepewa kitu ambacho mwenziwe amekikosa. Kwa hiyo swali la nani anastahiki si swali la makarani na mafomu peke yake. Ni swali la haki, na atakayeulizwa juu yake siku ya Kiyama si msajili wa chuo pekee, bali kila mwenye kauli katika jambo hilo.

CHUO KILIANZAJE?

Ndugu zangu, baada ya vita vya mwaka 1857 na kuanguka kwa dola ya Wamoghul mjini Delhi, Waislamu wa India walikuwa katika hali ya kusikitisha. Serikali ilikuwa imeshikwa na Waingereza, lugha ya ofisi ilikuwa ikibadilika, na Waislamu wengi waliziepuka shule mpya kwa kuogopa kwamba zingewapotezea watoto wao imani. Matokeo yake ni kwamba walibaki nyuma katika kazi za serikali, sheria na utabibu.

Ndipo akasimama Sir Syed Ahmad Khan, aliyezaliwa Delhi mwaka 1817 na kufanya kazi katika mahakama za Waingereza. Alikwenda Uingereza mwaka 1869, akaona vyuo vyao, akarudi na nia ya kuwajengea Waislamu chuo cha namna hiyo. Mwaka 1875 alifungua shule mjini Aligarh, na mwaka 1877 likawekwa jiwe la msingi la chuo. Baadhi ya masheikh walimtolea fatwa za ukafiri kwa ajili ya kazi hiyo na kwa ajili ya mawazo yake. Hata hivyo aliendelea kuchangisha, akipokea fedha za Waislamu na za Wahindu pia, mpaka alipofariki mwaka 1898.

Sisi katika Jumuiya yetu tunajua kwamba Hadhrat Masihi Aliyeahidiwa a.s. hakukubaliana na Sir Syed katika mambo kadhaa. Mwaka 1893 aliandika kitabu Barakatud-Dua kumjibu juu ya suala la kukubaliwa kwa dua. Lakini kutokubaliana na mtu katika jambo moja hakutuzuii kukiri wema wake katika jambo jingine. Huo nao ni uadilifu.

Kitu kimoja kiwekwe wazi tangu mwanzo. Chuo kile kilijengwa kwa ajili ya kuwainua Waislamu, lakini mlango wake haukufungwa kwa wengine. Historia ya chuo inamtaja Mhindu, Ishwari Prasad, kuwa mhitimu wake wa kwanza. Hilo mlikumbuke, kwa sababu tutalirudia.

Baada ya Sir Syed kufariki, Waislamu walitaka chuo kile kiwe chuo kikuu kamili. Serikali ya Waingereza iliwawekea sharti la kukusanya rupia laki 30, yaani milioni 3. Katika miaka ile hiyo ilikuwa mali kubwa mno. Waislamu wa India walizunguka mji kwa mji wakichangisha, na miongoni mwa waliokuwa mbele kabisa alikuwa Aga Khan wa Tatu, ndiye huyo huyo ambaye mwaka 1945 alianzisha Jumuiya ya Ustawi wa Waislamu wa Afrika Mashariki, ambayo wazee wetu hapa wanaikumbuka kwa shule na misikiti iliyoijenga. Hatimaye sheria ikapitishwa, na mwaka 1920 Chuo Kikuu cha Kiislamu cha Aligarh kikazaliwa. Mkuu wake wa kwanza alikuwa mwanamke, Sultan Jahan, Begum wa Bhopal.

Sheria ile ya 1920 ilisema mambo mawili. Ilisema chuo kitakuwa wazi kwa watu wa jinsia zote, wa kila kabila na kila dini. Na ilisema kwamba wajumbe wa Baraza Kuu la chuo watakuwa Waislamu tu. Kwa maneno mengine, wenye kusoma ni wote. Wenye kusimamia ni Waislamu.

MZOZO ULIVYOANZA

India ilipata uhuru mwaka 1947, na Katiba yake ikaanza kutumika Januari 26, 1950. Ibara ya 30 ya Katiba hiyo inawapa watu walio wachache, kwa dini au kwa lugha, haki ya kuanzisha na kuendesha taasisi za elimu wanazozitaka wenyewe. Waislamu waliona kwamba Aligarh imepata kinga yake.

Lakini mwaka 1951 Bunge liliirekebisha sheria ya chuo, na sharti la wajumbe wa Baraza kuwa Waislamu tu likaondolewa. Mwaka 1965 likairekebisha tena, na Baraza lenyewe likapunguziwa madaraka yake mengi, likabaki kuwa chombo cha kushauri. Baadhi ya Waislamu walikwenda Mahakama ya Juu kulalamika kwamba haki yao chini ya Ibara ya 30 imevunjwa.

Mwaka 1967 jopo la majaji watano lilitoa hukumu katika kesi inayojulikana kwa jina la Azeez Basha. Majaji walisema kwamba ibara ile ina maneno mawili yaliyofungamana: kuanzisha na kuendesha. Anayeruhusiwa kuendesha ni yule aliyeanzisha. Na chuo kikuu cha Aligarh, walisema, hakikuanzishwa na Waislamu. Kilianzishwa na sheria ya serikali ya mwaka 1920. Kwa hiyo Waislamu hawana haki ya kikatiba ya kukidai.

Fikirini uzito wa maneno hayo. Waislamu ndio waliotoa wazo. Shule ya 1875 ilikuwa yao. Ardhi, majengo na fedha walizikusanya wao. Lakini kwa kuwa katika zama zile hapakuwa na njia ya kupata chuo kikuu chenye shahada zinazotambuliwa ila kwa kupitia sheria ya serikali, basi sheria ile ile waliyoihangaikia ndiyo iliyofanywa ushahidi kwamba chuo si chao.

Waislamu wa India hawakuridhika. Walilalamika miaka mingi, na mwaka 1981 Bunge likaandika upya maana ya neno "Chuo Kikuu" ndani ya sheria ile, likasema kuwa ni taasisi iliyoanzishwa na Waislamu wa India, iliyotokana na chuo cha Sir Syed. Wengi waliona kwamba jambo limekwisha. Halikuwa limekwisha.

MWAKA 2005: NAFASI ZA MADAKTARI

Sasa tunafika kwenye mlango wenyewe. Kwa miaka mingi Aligarh haikuwa ikitenga nafasi kwa kuangalia dini ya mwombaji. Kilichokuwapo ni nafasi za wanafunzi wa ndani, yaani waliotangulia kusoma katika shule na vitivo vya chuo chenyewe, wawe Waislamu au wasiwe. Mwaka 2005 chuo kiliamua kutenga nusu ya nafasi za masomo ya uzamili ya udaktari kwa ajili ya Waislamu.

Baadhi ya waombaji walipeleka shauri Mahakama Kuu ya Allahabad. Hoja yao ilikuwa nyepesi kueleweka: chuo hiki kinaendeshwa kwa fedha za serikali kuu, Mahakama ya Juu ilikwisha sema mwaka 1967 kwamba si chuo cha jamii ya wachache, basi kwa haki gani mwombaji akataliwe kwa sababu ya dini yake? Mahakama Kuu ilikubaliana nao mwaka 2005, na jopo la majaji wawili la mahakama hiyo hiyo likathibitisha hukumu Januari 2006. Utaratibu wa kutenga nafasi ukafutwa, na marekebisho ya 1981 yakatanguliwa katika yale yaliyopingana na hukumu ya 1967.

Chuo kikakata rufaa, na serikali ya India ya wakati ule ikakata rufaa pamoja nacho. Mwaka 2006 Mahakama ya Juu ikaamuru mambo yabaki kama yalivyo mpaka rufaa isikilizwe. Mwaka 2016 serikali nyingine, iliyokuwa imeingia madarakani, ikasema haiungi mkono tena rufaa ile. Mwaka 2019 shauri likapelekwa mbele ya jopo la majaji saba. Likasikilizwa mwanzoni mwa 2024. Na Novemba 8, 2024 ikatoka hukumu.

Majaji wanne, wakiongozwa na Jaji Mkuu D. Y. Chandrachud, walisema kwamba hukumu ya 1967 ilikosea. Watatu hawakukubaliana nao. Wale wanne walieleza kwamba taasisi haipotezi asili yake kwa sababu tu imepewa sura ya kisheria na Bunge. Mahakama itazame nyuma ya sheria: wazo lilitoka kwa nani? Lengo lilikuwa kumnufaisha nani hasa? Nani alichangisha fedha, akatafuta ardhi, akafuata vibali, akaandikiana na serikali? Majibu yakielekea kwa jamii ya wachache, basi wao ndio walioanzisha. Tena walisema si lazima kila msimamizi awe wa jamii hiyo, na kwamba kuwapokea wanafunzi wa dini nyingine hakuiondolei taasisi asili yake.

Lakini majaji hawakusema moja kwa moja kwamba Aligarh ni chuo cha jamii ya wachache. Waliweka kipimo, wakaagiza jopo jingine la majaji likitumie kipimo hicho kutoa jibu. Kutoka 1967 hadi 2024 ni miaka 57. Kijana aliyekuwa akiomba nafasi mwaka 1967 amekwisha kuwa babu kabla mahakama haijaisahihisha hukumu ile.

TUPIME KWA UADILIFU

Ndugu zangu, ingekuwa rahisi kwangu kusimama hapa na kusema: Waislamu wameonewa, basi. Lakini Mwenyezi Mungu ametuamuru katika Sura An-Nisaa tuwe wasimamizi wa haki hata kama ushahidi utakuwa dhidi ya nafsi zetu, wazazi wetu au jamaa zetu. Na katika Sura Al-Maidah ametukataza chuki ya watu isitufikishe mahali pa kuacha uadilifu. Basi tuzitazame pande zote mbili.

Upande wa Waislamu una hoja nzito. Mwaka 2006 tume iliyoongozwa na Jaji Rajinder Sachar, iliyoundwa na serikali ya India, ilitoa ripoti juu ya hali ya Waislamu wa nchi hiyo. Kwa hesabu ya watu ya 2001, Waislamu walikuwa asilimia 13.4 ya wananchi wote. Lakini tume ilikuta kwamba katika vyuo vilivyo bora zaidi, katika kila wanafunzi 25 wa shahada ya kwanza, Mwislamu alikuwa mmoja tu. Na katika masomo ya uzamili, mmoja katika kila 50. Watu walio katika hali hiyo wakisema wanataka chuo kilichojengwa na babu zao kiwanyanyue watoto wao, hawaombi upendeleo. Wanaomba kile ambacho Katiba ya nchi yao yenyewe imewaahidi.

Lakini sikilizeni upande wa pili. Yule mwombaji asiye Mwislamu naye amesoma usiku na mchana, na kodi ya wazazi wake imo katika bajeti ya chuo kile. Tena kuna jambo zito zaidi. Sheria ya India inavitaka vyuo vya serikali kutenga nafasi kwa watu wa matabaka yaliyodharauliwa kwa karne nyingi, wakiwamo Wadalit, ambao zamani waliitwa wasioguswa. Taasisi za jamii za wachache zimesamehewa sharti hilo. Kwa hiyo chuo kikitambuliwa kuwa cha Waislamu, mtoto wa Mdalit anaweza kukosa nafasi ambayo chuo kingine cha serikali kingelazimika kumpa.

Tutasema nini, sisi wafuasi wa Mtume s.a.w. aliyemweka Bilal r.a. mahali pa heshima kuliko wakuu wa Makuraishi? Rai yangu ni hii. Haki ya Waislamu kutambuliwa kuwa waanzilishi ni haki, na hukumu ya 2024 imerudisha ukweli wa historia mahali pake. Lakini mwenye haki ya kufunga mlango halazimiki kuufunga wote. Chuo kikipata hadhi hiyo, heshima yake itakuwa kumfungulia mtoto wa Mdalit kwa hiari, bila kungoja kulazimishwa na sheria, kama vile Sir Syed alivyompokea Mhindu bila kulazimishwa na mtu. Baada ya vita vya Badr, Mtume Mtukufu s.a.w. aliwaruhusu mateka waliojua kuandika wajikomboe kwa kuwafundisha watoto wa Madina. Aliyepokea elimu kutoka kwa adui yake asione tabu kumpa elimu jirani yake.

Na kuna kioo kingine cha kujitazamia. Yale wanayoyadai Waislamu walio wachache nchini India, je, Waislamu walio wengi wanawapa walio wachache kwao? Huko Pakistan, mwaka 1974, Bunge liliwatangaza Waahmadiyya kuwa si Waislamu. Mwaka ule ule Dakta Abdus Salam, Mwahmadiyya, aliihama nchi yake. Na mwaka 1979 akawa Mpakistani wa kwanza kupata Tuzo ya Nobel, katika fizikia. Mwaka 2008, wanafunzi 23 Waahmadiyya walifukuzwa kutoka chuo kimoja cha udaktari cha serikali mjini Faisalabad, hali walikuwa wameingia kwa alama zao wenyewe. Sisemi haya ili kuamsha chuki. Chuki imekatazwa kwetu. Nayasema kwa sababu anayedai mizani ya haki mahakamani Delhi ni lazima aitake mizani hiyo hiyo na Faisalabad.

MAFUNZO KWETU

Sasa tuyalete mambo haya hapa tulipo. Nayaona mafunzo manne.

La kwanza ni kuandika. Katika Sura Al-Baqarah Mwenyezi Mungu ametuamuru kuandika tunapokopeshana, deni liwe dogo au kubwa, na kuweka mashahidi. Ikiwa deni dogo linaandikwa, je, shule ya watoto elfu moja? Kipimo kilichowekwa mwaka 2024 ni kipimo cha karatasi: barua, kumbukumbu za mikutano, orodha za wachangiaji, hati za ardhi. Waislamu wa Aligarh wanaweza kuitetea asili ya chuo chao kwa sababu waliotangulia waliandika. Basi kila msikiti wenye madrasa, na kila jamaa yenye shule au zahanati, ijiulize: hati ya kiwanja iko kwa jina la nani? Ipo ofisini au ipo kwenye sanduku la mzee aliyekwisha kufariki? Wakfu umesajiliwa? Katiba ya shule inasema nini juu ya wasimamizi na juu ya wanafunzi watakaopokelewa? Tukipokea msaada wa serikali, tumesoma masharti yake kabla ya kutia saini?

Historia ya Jumuiya yetu inatufundisha hivyo hivyo. Mwaka 1898 ilifunguliwa shule ya Talimul Islam kule Qadian, na mwaka 1903 ikafuatiwa na chuo. Chuo hicho hakikudumu, kwa sababu kanuni mpya za vyuo vikuu zilizoletwa na serikali ya Lord Curzon zilikuwa na masharti kisichoweza kuyatimiza. Kilifunguliwa upya mwaka 1944, kikahamia Pakistan baada ya kugawanywa kwa India, na mwaka 1972 kikataifishwa pamoja na shule nyingine. Chuo kile kile kimoja, sheria ilikifunga mara moja na kukichukua mara moja. Asiyeifuatilia sheria, sheria humfuata yeye.

La pili ni kuijua sheria ya mlangoni mapema. Mzazi asingoje matokeo yatoke ndipo aulize chuo kinataka nini. Mtoto anapochagua masomo ya sekondari, wakati huo huo amechagua milango itakayomfungukia na itakayomfungia. Aliyeacha kemia hataingia udaktari, hata akiomba dua usiku kucha. Dua haichukui mahali pa juhudi; huitia juhudi baraka. Walimu wetu wa madrasa na viongozi wa vijana wawe na nakala za masharti ya udahili ya vyuo vya nchi yetu, wajue tarehe za maombi, wajue namna ya kukata rufaa na muda wake. Mtoto aliyekosa nafasi kwa kuchelewa siku mbili hakudhulumiwa na serikali, amepotezwa na sisi tulio watu wazima.

La tatu ni subira yenye utaratibu. Inapotokea kweli kwamba mtoto amenyimwa nafasi aliyoistahiki, Mwislamu hachomi moto wala havunji kioo. Huandika barua, hutunza nakala, huomba sababu zitolewe kwa maandishi, hukata rufaa, na ikibidi huenda mahakamani. Na wakati shauri likiendelea, mtoto asikae nyumbani akihesabu siku. Asome mahali pengine, kwa sababu mahakama yaweza kuchukua miaka, na umri wa kusoma hausimami.

La nne ni kwamba hukumu njema haijazi darasa. Hata Aligarh ikishinda kila shauri, nafasi itakaliwa na yule aliyefaulu mtihani. Mwanzoni mwa karne iliyopita, mwaka 1906, Sheikh Abdullah na mkewe Wahid Jahan Begum walifungua shule ya wasichana mjini Aligarh, wakati wengi wakiona ni aibu binti kutoka nyumbani kwenda kusoma. Shule ile ikakua ikawa chuo cha wanawake. Hawakungoja sheria iwalazimishe watu kuwasomesha mabinti. Basi na sisi, badala ya kuhesabu nafasi wanazopata wengine, tuhesabu ni watoto wangapi wa msikiti huu wanaosoma hisabati na sayansi jioni, na ni nani anayewafundisha, na ni nani anayelipia taa. Walimu na wahandisi waliomo humu wajitolee saa mbili kwa juma. Wafanyabiashara wasimamie karo ya yatima mmoja mmoja. Na katika vijana hawa, wawili watatu wasome sheria, ili siku jambo letu litakapofika mahakamani, tusiwe watu wa kusimuliwa hukumu tu.

Enyi vijana, nawaambieni neno la mwisho. Mkipata nafasi ya chuo, kumbukeni kwamba mmechukua amana. Yupo aliyeitaka akaikosa. Pengine ni Mwislamu mwenzako, pengine si Mwislamu. Kila siku unayolala badala ya kusoma, unakula haki yake. Na mkihitimu mkakaa upande wa pili wa meza, mkawa ninyi ndio mnaosoma mafomu ya waombaji, msimpe nafasi mtoto wa rafiki mkamwacha anayestahiki. Kwa siku hiyo mtakuwa ninyi ndio sheria ya mlangoni.

Tunamwomba Mwenyezi Mungu awafungulie watoto wetu milango ya elimu yenye manufaa, awape wanaohukumu uadilifu, awape wanaodhulumiwa subira na ushindi, na atujaalie sisi tuwe watu wa kutoa amana kwa wanaozistahiki. Amin.

Wassalaamu Alaikum Warahmatullahi Wabarakatuh.